Wanderers: Mabingwa Wasio na Uwanja

Wahenga walisema: mwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani. Baharia hata akikizunguka chombo chake chote, nyuma na mbele, mwisho wake hurudi ngamani, ndani ya tumbo la jahazi. Kila askari aliyepata kuhamishwa kutoka kituo hadi kituo aijua maana ya maneno hayo, na kila mama aliyefunga mizigo ya nyumba kwa ajili ya safari hizo aijua zaidi.

Leo twaitumia methali hiyo katika jambo la mpira wa miguu. Twataka kuwasimulia wasomaji wetu habari za timu moja ya London iliyokosa ngama ya kurejea. Timu hiyo iliitwa Wanderers, jina ambalo maana yake ni watu wa kutangatanga. Katika fainali 7 za mwanzo za Kombe la Chama cha Mpira cha Uingereza, yaani kuanzia mwaka 1872 hadi 1878, Wanderers walishinda mara 5. Hapakuwa na timu iliyowakaribia. Hata hivyo, kufikia mwaka 1887, timu hiyo ilikuwa imekwisha kabisa. Haikufukuzwa na mtu wala haikupigwa marufuku. Ilikauka tu, kama mti uliokatwa mizizi.

Katika miaka ile ile walikuwako wapinzani wao wakubwa, askari wa kikosi cha wahandisi wa jeshi la Uingereza, Royal Engineers. Hao walilichukua kombe mara moja tu. Lakini timu ya wahandisi ingali ipo hata leo, na ingali inacheza. Kwa nini bingwa wa mara 5 afe, na mshindi wa mara moja aishi? Hilo ndilo swali la makala haya, na tunaamini kwamba jibu lake lina faida kwa kila mwenye timu kambini, kituoni au mtaani.

MWANZO WAKE PEMBENI MWA MSITU

Katikati ya karne ya 19 Uingereza ilitawaliwa na Malkia Victoria. Mpira wa miguu ulichezwa zaidi katika shule za wana wa matajiri, kama vile Eton, Harrow, Charterhouse na Westminster. Kila shule ilikuwa na sheria zake. Wengine waliruhusu mpira kushikwa kwa mikono, na wengine waliruhusu hata kumpiga mwenzako teke la muundi. Kijana alipomaliza masomo na kuingia mjini kufanya kazi, alikuta kwamba hawezi kucheza na kijana wa shule nyingine bila kwanza kubishana juu ya sheria.

Mwaka 1859 vijana wachache, wengi wao waliosoma Harrow, waliunda klabu pembeni mwa msitu wa Epping, kaskazini-mashariki ya London. Kwa sababu ya msitu huo, waliiita Forest. Walioiongoza walikuwa ndugu wawili, John Forster Alcock na mdogo wake Charles William Alcock, ambao baba yao alikuwa mtu wa biashara ya meli mjini Sunderland. John alikuwa na umri wa miaka kama 18, na Charles alikuwa bado hajatimiza 17.

Tarehe 26 Oktoba 1863 wajumbe wa klabu na shule kadhaa walikutana katika nyumba ya wageni iliyoitwa Freemasons' Tavern, London, wakaunda Chama cha Mpira wa Miguu. John Alcock alikuwako kwa niaba ya Forest. Klabu ya watumishi wa Wizara ya Vita ilikuwa miongoni mwa waanzilishi pia. Baada ya mikutano kadhaa na mabishano makali, mwezi wa Desemba wa mwaka ule sheria za kwanza za pamoja zilikubaliwa. Waliopenda kubeba mpira kwa mikono na kupigana mateke ya miundi walijitoa, nao baadaye wakafuata njia yao ya mchezo wa raga.

Mwaka uliofuata, 1864, klabu ya Forest ilibadili jina ikawa Wanderers. Ikauacha uwanja wake wa msituni, wala haikujitafutia mwingine ulio wake. Tangu siku hiyo walicheza popote walipopata nafasi: katika bustani ya Battersea, katika viwanja vya kriketi, na baadaye katika uwanja wa Kennington Oval, kusini mwa mto Thames. Rangi zao zilikuwa chungwa, zambarau na nyeusi. Wachezaji wao walitoka katika shule kubwa na vyuo vikuu vya Oxford na Cambridge, nao walicheza kwa ridhaa, bila malipo yoyote.

Jambo hilo la kuuacha uwanja hapana budi tulitie akilini. Wakati ule halikuonekana kuwa kosa. Klabu ilipata wanachama wengi zaidi kuliko kwanza, maana mtu hakulazimika kukaa karibu na msitu ili awe mmoja wao. Gharama za kutunza uwanja pia ziliondoka. Lakini pamoja na gharama hizo, liliondoka na jambo jingine lisilohesabika kwa fedha.

KOMBE LA PAUNI 20

Charles Alcock alikuwa mtu wa bidii isiyo ya kawaida. Mwaka 1870 alichaguliwa kuwa katibu wa Chama cha Mpira, kazi aliyoifanya hadi mwaka 1895. Mwaka 1872 akawa pia katibu wa klabu ya kriketi ya Surrey, yenye makao yake katika uwanja wa Kennington Oval. Tarehe 20 Julai 1871, katika ofisi ya gazeti la michezo la mjini London, alitoa pendekezo kwamba liwepo kombe moja ambalo klabu zote za chama zitalishindania. Inaaminika kuwa wazo hilo alilipata shuleni Harrow, ambako mabweni yalishindana kwa mtindo wa mtoano: anayeshindwa anatoka, anayeshinda anasonga mbele.

Kombe la fedha likanunuliwa kwa pauni 20. Lilikuwa dogo, la urefu wa sentimita 46 hivi. Klabu 15 ziliandikisha majina kwa mashindano ya kwanza ya mwaka 1871 na 1872.

Msomaji wa leo angeushangaa mchezo wa siku zile. Milango haikuwa na wavu, na juu yake hapakuwa na mti wa kukingama bali utepe tu. Adhabu ya penalti haikujulikana, maana iliingia mwaka 1891. Timu zilibadilishana milango kila bao lilipofungwa. Washambuliaji walikuwa saba au wanane, na walinzi wachache sana. Mtindo uliopendwa ulikuwa wa kila mtu kuondoka na mpira peke yake akipiga chenga mpaka anyang'anywe, huku wenzake wakimfuata nyuma ili wauwahi mpira ukimponyoka. Kumpa mwenzako pasi kulionekana na wengi kuwa ni kukiri umeshindwa.

Wanderers walifika fainali kwa njia ya ajabu. Katika safari yote waliibuka na ushindi wa mchezo mmoja tu. Wapinzani wao wa kwanza walijitoa. Walipokutana na Crystal Palace hapakupatikana bao, na kwa kanuni za wakati ule zote mbili ziliruhusiwa kuendelea. Katika nusu fainali walitoka sare na Queen's Park ya Glasgow, na Waskoti hao hawakuwa na fedha za kusafiri tena hadi London kwa marudiano. Basi Wanderers wakaingia fainali, na mbele yao wakawakuta askari.

ASKARI WALIOCHEZA KWA KUONANA

Royal Engineers walitoka katika kambi ya Chatham, mkoa wa Kent. Aliyeijenga timu yao alikuwa Meja Francis Marindin. Wachezaji wake wote katika fainali ya 1872 walikuwa maofisa, wengi wao luteni vijana, na mlinda lango alikuwa Kapteni William Merriman.

Askari hawa walikuwa wameanza jambo jipya. Badala ya kila mtu kuuchukua mpira kama mali yake, walicheza kwa kuonana. Aliyezuiwa alimpa mwenzake aliye huru, na walinzi walijua nafasi zao. Si ajabu kwamba jambo hilo lilikuzwa jeshini. Askari hufundishwa tangu siku ya kwanza kwamba bunduki moja si kikosi, na kwamba anayekimbia mbele peke yake huwaacha wenzake bila kinga na yeye mwenyewe bila msaada. Watu wengi waliamini kwamba wahandisi ndio watakaolitwaa kombe.

Fainali ilichezwa tarehe 16 Machi 1872 katika uwanja wa Kennington Oval. Watazamaji walikuwa kama 2,000, nao walilipa shilingi moja kila mmoja. Mchezo ulipokuwa bado mchanga, wa dakika kama 10 hivi, Luteni Edmund Cresswell wa Royal Engineers alianguka na kuvunjika mtulinga. Siku zile hapakuwa na mchezaji wa akiba. Ofisa huyo alikataa kutoka. Alisogea pembeni akaendelea kucheza kwa maumivu mpaka mwisho, ili wenzake wasibaki pungufu.

Dakika chache baadaye, Robert Vidal wa Wanderers, aliyesifiwa kwa chenga zake, aliwapenya walinzi, na mpira ukamfikia Morton Peto Betts aliyepachika bao pekee la siku hiyo. Kwa desturi za waungwana wa wakati ule, Betts hakucheza kwa jina lake la kweli. Aliandikishwa kwa jina la "A. H. Chequer", kwa kuwa alitokana na klabu ya Harrow Chequers, ile ile iliyojitoa mbele ya Wanderers. Hivyo bao la kwanza katika historia ya fainali za kombe hilo lilifungwa na mtu aliyejificha nyuma ya jina la bandia. Nahodha aliyeshinda alikuwa Charles Alcock, mwenye wazo la mashindano yenyewe.

MIAKA YA FAHARI

Mwaka wa pili kanuni zilimpendelea bingwa mno. Wanderers walisubiri tu hadi fainali huku wengine wakitoana jasho, na tena wakapewa haki ya kuchagua uwanja. Kwa kuwa hawakuwa na wao, walichagua Lillie Bridge, magharibi mwa London. Tarehe 29 Machi 1873 waliwafunga Chuo Kikuu cha Oxford mabao 2 kwa 0. Mchezo ulianza asubuhi, ili watu wawahi kutazama mashindano ya ngalawa za vyuo vikuu katika mto Thames siku hiyo hiyo.

Mmoja wa wafungaji alikuwa Arthur Kinnaird, mtoto wa ukoo wa kibwanyenye wa Kiskoti, mwenye ndevu nyekundu na suruali ndefu nyeupe, aliyecheza kwa nguvu na kwa furaha nyingi. Inasimuliwa kwamba bibi mmoja wa nyumba yake alimlalamikia rafiki kuwa siku moja Arthur atarudi nyumbani na mguu uliovunjika. Rafiki akamtuliza asihofu, maana mguu huo hautakuwa wa Arthur. Kinnaird alicheza fainali 9 na kushinda 5, tatu kati ya hizo akiwa na Wanderers. Mwenzake Charles Wollaston ndiye aliyekuwa mtu wa kwanza kupata ushindi wa fainali 5, naye zote alizipata na Wanderers.

Wanajeshi nao walikuwamo ndani ya Wanderers. William Kenyon-Slaney, ofisa wa kikosi cha Grenadier Guards aliyezaliwa Bara Hindi, alicheza katika fainali hiyo ya 1873. Wiki tatu kabla yake, tarehe 8 Machi, alikuwa ameifungia Uingereza bao la kwanza katika historia ya michezo rasmi ya kimataifa, Uingereza ilipoishinda Uskoti mabao 4 kwa 2.

Askari wa Royal Engineers hawakukata tamaa. Wakati wa Krismasi mwaka 1873 walifunga safari ya kwenda miji ya kaskazini na kati kucheza na timu za huko, na wengi walijifunza kutoka kwao mchezo wa kuonana. Mwaka 1874 walifika fainali tena, wakafungwa na Oxford mabao 2 kwa 0. Mwaka 1875 ndipo zamu yao ilipofika. Walitoka sare ya bao 1 kwa 1 na Old Etonians, yaani wanafunzi wa zamani wa Eton, kisha katika marudiano ya tarehe 16 Machi wakashinda mabao 2 kwa 0. Inasimuliwa kwamba Meja Marindin hakucheza upande wowote katika fainali hiyo. Alikuwa ofisa wa kikosi, na pia alikuwa amesoma Eton, naye hakutaka kuonekana kuwa msaliti wa nyumba yake yoyote kati ya hizo mbili.

Baada ya hapo Wanderers walirudi kwa kishindo. Mwaka 1876 waliwashinda Old Etonians mabao 3 kwa 0 katika marudiano. Mwaka 1877 waliwashinda Oxford mabao 2 kwa 1 baada ya muda wa nyongeza, ingawa Kinnaird, aliyesimama langoni siku hiyo, aliudaka mpira kisha akarudi nao nyuma ya mstari na kujifunga. Tarehe 23 Machi 1878 wakakutana tena na askari katika fainali. Safari hii mkosi wa kuumia uliwapata Wanderers: mlinda lango wao, James Kirkpatrick, alivunjika mkono mapema, lakini naye alibaki langoni hadi mwisho. Wanderers walishinda mabao 3 kwa 1.

Kwa mujibu wa kanuni, timu iliyoshinda mara 3 mfululizo ilikuwa na haki ya kulichukua kombe liwe mali yake milele. Wanderers walilirudisha. Walitoa sharti moja tu, kwamba kanuni ibadilishwe, pasiwe na timu yoyote baadaye itakayolichukua moja kwa moja. Ulikuwa uungwana mkubwa. Tena, klabu isiyo hata na chumba chake ingeliweka wapi kombe hilo?

ANGUKO LISILO NA KELELE

Kutoka Machi hadi Novemba 1878 ni miezi minane tu. Katika mchezo wao wa kwanza wa mashindano mapya Wanderers walikutana na Old Etonians, wakapigwa mabao 7 kwa 2. Upande wa Old Etonians alikuwako Arthur Kinnaird, yule yule aliyekuwa nguzo ya Wanderers miezi michache nyuma. Mwaka uliofuata wakatolewa tena na hao hao. Katika mashindano yaliyofuata walijitoa bila kucheza, kwa sababu hawakuweza kukusanya watu 11 wa kushuka uwanjani. Baada ya hapo kilichobaki kilikuwa mchezo wa mara moja kwa mwaka dhidi ya wanafunzi wa Harrow, kama mzee anayezuru kaburi la ujana wake. Kisha hata huo ukakoma.

Ni nini kilichowaua? Walikuwa bado na sifa, na Alcock alikuwa bado katibu wa Chama cha Mpira. Fedha pia hazikuwa shida kwa watu wa tabaka lile. Shida ilikuwa kwamba Wanderers hawakuwa na mchezaji hata mmoja aliyekuwa wao tangu mwanzo. Kila mmoja alikuwa wa mahali pengine kwanza: wa Eton, wa Harrow, wa Oxford, wa kikosi fulani cha jeshi. Walikuja Wanderers kama wageni wanavyokuja kwenye karamu. Wanafunzi wa zamani wa shule zile walipoanza kuunda timu zao wenyewe, kila mtu aliitikia mwito wa nyumbani kwao, na karamu ikabaki na sahani tupu.

Dalili zilikuwako tangu zamani. Hata katika miaka ya fahari, aghalabu Wanderers walifika uwanjani wakiwa pungufu, kwa kuwa fulani alialikwa mahali pengine na fulani alisahau. Mara wakati mwingine waliazima watu papo hapo. Lakini timu inapokuwa na vipaji vingi, ushindi wa leo huficha ugonjwa wa kesho. Waliwafunga Farningham mabao 16 kwa 0 mwaka 1874, na mtu anayeshinda namna hiyo hajiulizi nani atacheza baada ya miaka mitano.

Wala haikuwa na kijana wa mtaa aliyekua akiitazama na kutamani kuivalia jezi, maana haikuwa na mtaa. Haikuwa na mama aliyejua kwamba kila Jumamosi wanawe wako kwenye uwanja fulani. Klabu iliishi katika barua za Alcock na katika bidii yake. Alcock alipokwisha kuacha kucheza na kushughulika na mambo makubwa zaidi, hapakuwa na wa kuzikusanya tena kamba.

Wakati huo huo dunia ya mpira ilikuwa ikibadilika. Tarehe 31 Machi 1883, katika uwanja ule ule wa Kennington Oval, timu ya Blackburn Olympic kutoka kaskazini iliwafunga Old Etonians mabao 2 kwa 1 baada ya muda wa nyongeza. Wachezaji wake walikuwa wafumaji wa vitambaa, fundi bomba, karani na watu wa viwandani. Kombe likaondoka mikononi mwa waungwana wa kusini, wala timu yao ya ridhaa haikulitwaa tena. Mwaka 1885 Chama cha Mpira kikaruhusu wachezaji wa kulipwa. Hata hivyo tusidhani kwamba fedha peke yake huiponya timu. Blackburn Olympic yenyewe ilivunjika mwaka 1889. Mji wao ulikuwa na timu nyingine kubwa zaidi, Blackburn Rovers, na ligi mpya ya mwaka 1888 iliichukua hiyo.

WALIOBAKI

Royal Engineers nao hawakupata tena kombe hilo kubwa. Kazi iliwatawanya. Luteni Alfred Goodwyn, aliyecheza fainali ya 1872 na kuichezea Uingereza mwaka 1873, alifariki Bara Hindi mwaka 1874. Wengine walipelekwa kila pembe ya dola. Kikosi hicho kiliacha alama hata huku kwetu, kwani Kapteni James Macdonald wa Royal Engineers ndiye aliyeongoza upimaji wa njia ya reli kutoka Mombasa hadi Ziwa Victoria mwaka 1891 na 1892. Na katika miaka ile ile ya mwisho wa karne, walimu wa misheni na maofisa waliolelewa katika shule na vyuo tulivyovitaja walianza kuuleta mchezo wenyewe Afrika Mashariki.

Kuhamishwa kwa namna hiyo kungeiua timu yoyote isiyo na shina. Lakini Royal Engineers walikuwa na kambi, na kambi haihamishwi pamoja na luteni. Ofisa alipoondoka, jezi yake ilibaki, na kijana aliyekuja kujifunza kazi ya uhandisi aliikuta ikimngoja. Timu iliacha kuwa ya maofisa peke yao, ikawa ya askari wa vyeo vyote. Mwaka 1908 wahandisi walilitwaa Kombe la Wachezaji wa Ridhaa. Ushindi ulikuja na kuondoka, lakini timu ilibaki.

Jina la Wanderers lilifufuliwa mwaka 2009 na wapenzi wa historia, kwa nia ya kukusanya fedha za kuwasaidia watoto. Mwaka 2012, miaka 140 baada ya fainali ya kwanza, timu hiyo mpya ilialikwa katika uwanja wa Oval kurudia mchezo ule na Royal Engineers. Safari hii wahandisi walishinda mabao 7 kwa 1.

FUNZO KWA WENYE TIMU

Ndugu msomaji, pengine wewe u askari jeshi, au askari polisi, au mke au mtoto wa askari, nawe unayo timu kambini kwenu. Yafaa uitazame kwa macho ya habari hizi. Je, timu hiyo imesimama juu ya bidii ya mtu mmoja, ambaye akipata barua ya uhamisho mipira itafungiwa stoo? Je, wachezaji wake hodari wameazimwa kutoka mjini, nao wataondoka siku timu yao ya kweli itakapowaita? Ikiwa ndivyo, vikombe vilivyo kwenye kabati la ofisi ya mkuu wa kambi visiwadanganye. Wanderers walikuwa navyo vingi zaidi.

Timu yenye maisha marefu huanza na mambo yasiyopigiwa makofi. Uwanja, hata ukiwa wa vumbi, uwe ni wa kwenu, na kila mtu ajue zamu ya kuufyeka. Kuwe na daftari la jezi na mipira, linalokabidhiwa kwa maandishi kama inavyokabidhiwa silaha. Kuwe na naibu anayejifunza kazi ya kiongozi kabla kiongozi hajaondoka. Zaidi ya yote, watoto wa kambi wapewe saa yao ya kucheza katika uwanja ule ule wa wakubwa, chini ya macho ya mchezaji mmoja aliyetengwa kwa kazi hiyo. Mtoto anayeokota mpira nyuma ya lango leo ndiye atakayelilinda lango hilo baada ya miaka 10.

Na wazazi wanayo sehemu yao. Mama anayemfulia mwanawe jezi na kumwuliza habari za mchezo, na baba anayesimama pembeni mwa uwanja jioni moja tu kwa wiki, hao ndio uwanja wa timu hata kabla ya majani kupandwa. Wanderers walikuwa na watazamaji 2,000 waliolipa shilingi zao katika fainali, lakini siku walipokosa watu 11, hakuna nyumba iliyofungua mlango ikamtoa kijana wa kujaza pengo.